Nguo Iliyofumwa kwa Sauti: Jibu kwa Mwandishi wa Riwaya

Swali: Shikamoo Mwalimu. Naandika riwaya ya ulimwengu wa kubuni. Katika ukumbi wa malkia, kwenye mji wa kisiwani, kumetundikwa nguo ya ajabu iliyofumwa kwa sauti tupu, haina hata uzi mmoja. Hakuna ajuaye ni nani aliyeifuma. Rafiki yangu aliyesoma mswada anasema haamini: sauti ikishatoka imekwisha, utaifumaje? Nifanye nini nguo hii iaminike bila kuua fumbo lake? Na je, kuna watu popote duniani waliowahi kuunganisha ufumaji na sauti?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Rafiki yako amekusaidia, maana amegusa pale hasa panapouma. Nguo hukaa, sauti hupita. Nguo ukiiacha jioni utaikuta asubuhi, lakini sauti ukiitoa imekwisha kabla hujafunga mdomo. Msomaji analijua hilo kwa mwili wake. Ukimwambia tu kwamba hii ni nguo ya sauti, bila kumwonyesha kinachoishikilia, atakuvumilia kurasa mbili tatu kisha atakiweka kitabu chini. Hata hivyo usiifute nguo yako. Sauti inaweza kusimama mahali pamoja, inaweza kuchora, na hata kushika kitu inaweza. Mambo haya yamekwisha kufanyika katika ulimwengu huu wetu, na ukiyajua vizuri utaweza kuyapeleka unakotaka.

Mwaka 1787 Mjerumani Ernst Chladni alichapisha kazi yake juu ya sauti. Alikuwa akichukua bamba jembamba, ananyunyiza mchanga juu yake, kisha anasugua ukingo wa bamba kwa upinde wa fidla. Bamba likilia, mchanga hurukaruka, hukimbia huku na kule, halafu ghafla hutulia kwenye mistari: nyota, miduara, pembe zilizopishana. Akibadilisha noti, mchanga hutawanyika na kujipanga upya kwa mchoro mwingine. Mwaka 1809 alimwonyesha Napoleon mjini Paris, na zawadi ikatangazwa kwa atakayeeleza hesabu za michoro ile. Aliyeipata, mwaka 1816, ni mwanamke aliyejisomea mwenyewe kwa sehemu kubwa, Sophie Germain.

Tazama mchanga unatulia wapi. Hautulii pale bamba linapotetemeka, bali pale lisipotetemeka. Mchoro wote ule umechorwa na kimya kilichobaki katikati ya sauti. Ningekuwa wewe, hapo ndipo ningeanzia. Nakshi ya nguo ya malkia isiwe pale sauti ilipo kali, iwe pale sauti mbili zinapokutana na kufutana.

Hewani mambo ni yale yale. Sauti mbili za noti moja zikitoka kuta mbili zinazotazamana, hupishana katikati na kufanya wimbi lililosimama. Kuna sehemu ambapo mlio ni mkubwa na kuna vifundo ambapo sikio linasikia karibu kimya, na vifundo hivyo havihami maadamu noti haijabadilika. Ukitembea polepole ukumbini sauti itakuwa inapanda na kushuka sikioni mwako ingawa waimbaji hawajabadilisha chochote. Hii si njozi. Unaweza kuijaribu kwa spika na chumba chenye kuta tupu.

Umbali kati ya kifundo na kifundo unategemea noti, na hapa utapata sheria itakayoipa nguo yako mwili. Katika hewa ya nyuzi joto 20 sauti husafiri takriban mita 343 kwa sekunde. Ngoma nzito yenye mitetemo 100 kwa sekunde ina wimbi la mita 3.4, kwa hiyo vifundo vyake vimeachana mita 1.7. Hiyo ni nguo ya matundu makubwa, mtu anapita katikati. Sauti ya juu kabisa ya mwanamke mwimbaji, mitetemo kama 1,000, hukupa vifundo kila sentimita 17. Ukitaka ua la ukubwa wa kiganja unahitaji filimbi ndogo na miluzi mikali, mitetemo 3,000 na zaidi, ambapo vifundo hukaribiana kwa sentimita tano au sita. Maana yake katika hadithi ni kubwa: ngoma haiwezi kufuma ua dogo, na filimbi peke yake haiwezi kufuma pazia la ukumbi mzima likaonekana kama pazia. Mfumi wako analazimika kuchagua nani ataimba nini, na mhusika mwenye macho makali anaweza kuutazama ukubwa wa nakshi akajua ni sauti za watu gani zilizotumika. Ua likiwa dogo kuliko kinachoweza kufumwa na koo la binadamu, basi msomaji mwenyewe ataanza kujiuliza.

Je, sauti inaweza kushika kitu? Ndiyo, kikiwa chepesi. Katika maabara hutumia mitetemo 40,000 kwa sekunde, mara mbili ya mwisho wa usikivu wa binadamu, na vipande vidogo vya povu la plastiki huelea hewani vikiwa vimenaswa kwenye vifundo, havigusi kitu. Kwa hiyo vumbi la ukumbi, unga, au chavua vinaweza kunaswa katika nguo yako na kuifanya ionekane jua la asubuhi linapoingia dirishani. Ila ujue kwamba kwa sauti tunazozisikia ingehitajika nguvu ya kuumiza masikio. Ulimwengu ni wako na unaweza kuipindisha sheria hiyo, lakini anayepindisha hulipa. Labda wahudumu wa ukumbi ule huziba masikio kwa nta. Labda wazee wa mji ni viziwi wote, na ndio wanaoheshimiwa.

Sasa tuje kwenye ufumaji wenyewe, maana naona katika maelezo yako umeshughulika na sauti ukasahau nguo. Nguo huanza na mtande. Nyuzi za mtande hutangulizwa, hufungwa pande zote mbili na kukazwa, na ndipo mshindio hupitishwa, juu ya huu, chini ya ule. Mtande ukilegea hata kidogo, nyuzi hazifunguki vizuri kupitisha mshindio, pindo huvutwa ndani, na nguo hutoka imenyongeka kiunoni. Kila mfumi anaujua ukanda huo mwembamba unaomwaibisha katikati ya kazi. Kwa hiyo jiulize: katika nguo yako mtande ni nini, na nani ameukaza?

Ushauri wangu ni kwamba mtande uwe sauti zisizokoma na mshindio uwe sauti za watu. Upepo wa kaskazi unaovuma kwenye matundu ya ukuta wa ukumbi, uliojengwa kwa makusudi kama filimbi kubwa, unaweza kuwa mtande. Watu huvusha mshindio. Na kama mtande nao ni wa watu, wapo wanaojua namna ya kuushika. Kwaya huweza kushikilia noti moja muda mrefu kuliko pafu la mtu yeyote, kwa waimbaji kuvuta pumzi kwa zamu, huyu anapokea kabla yule hajaacha. Fikiria familia moja mjini mwako ambayo kazi yake, mama kwa binti, ni kushika noti ile. Hapo swali la rafiki yako limejibiwa kabisa. Nguo haikai kwa sababu sauti imekuwa kitu kigumu. Inakaa kwa sababu kuna mtu anaimba sasa hivi, nyuma ya ukuta, na kuna mwingine anayeamshwa usiku wa manane kumpokea.

Joto nalo lina kazi yake. Kila nyuzi moja ya joto inapoongezeka, mwendo wa sauti huongezeka karibu mita 0.6 kwa sekunde. Ukumbi ukitoka nyuzi 25 alfajiri ukafika 32 mchana, mawimbi hurefuka kwa zaidi kidogo ya asilimia moja, na kwenye nguo ya mita tano nakshi za upande wa mbali zinaweza kusogea kama sentimita sita. Nguo ya sauti hulegea adhuhuri. Waimbaji wazuri wangeinua noti kidogo kidogo kufuata jua bila kuambiwa, na mgeni asiyejua angedhani nguo inapumua. Dokezo dogo kama hili lina thamani kuliko aya nzima ya kusifia jinsi nguo inavyong'aa. Na kwa kweli ningeuondoa mng'ao wote. Nguo ya sauti inayotoa mwanga ni nguo ya mwanga.

Umeuliza pia kama kuna watu waliounganisha mambo haya mawili. Wapo, na mfano ninaoupenda kuliko yote uko karibu nasi, Buganda.

Amadinda ni marimba ya mbao 12 nene, hulazwa juu ya magogo mawili ya mgomba na kutenganishwa kwa fito. Wapigaji hukaa pande mbili wakitazamana juu ya mbao zile zile. Wa kwanza, omunazi, anaanza na mfululizo wa noti zilizo sawasawa, hauna mkato wala mapambo. Wa pili, omwawuzi, anaingiza noti zake katikati kabisa ya zile za mwenzake, moja baada ya moja, bila hata noti mbili kugongana. Mwendo ni wa kasi sana, wote wawili kwa pamoja hutoa noti karibu kumi kwa sekunde, na kwa kasi hiyo sikio haliwezi tena kusema hii ni ya huyu na hii ni ya yule. Mshindio umepita kwenye mtande na nguo imefunga.

Hapo ndipo hutokea jambo ambalo nalitaka kwa riwaya yako. Sikio, kwa kushindwa kuzifuata noti zote, hujipangia lenyewe. Za juu hujikusanya pamoja, za chini pamoja, na unaanza kusikia nyimbo mbili tatu zinazotembea kwa wakati mmoja, zenye mikato migumu ambayo hakuna mkono hata mmoja pale uliopiga. Ukimwambia omunazi apige peke yake, wimbo ule haupo. Omwawuzi peke yake, haupo. Uko kati yao. Mpigaji wa tatu, omukoonezi, kazi yake ni kuusikiliza wimbo unaojitokeza kwenye mbao mbili za chini kabisa na kuurudia kwenye mbao mbili za juu kabisa. Yeye ni msomaji wa nguo, aliyepewa kiti mle mle ndani ya ufumaji.

Gerhard Kubik wa Austria, aliyejifunza kupiga kwa Evaristo Muyinda, mwanamuziki wa ikulu ya Kabaka, mfalme wa Buganda, aliandika kuhusu nyimbo hizi zisizopigwa na mtu mwaka 1962. Waganda, bila shaka, walikuwa wakizitunga kwa makusudi tangu zamani. Mei 1966 jeshi la serikali liliposhambulia ikulu ya Mengo, Kabaka alikimbilia uhamishoni na wanamuziki wake wakatawanyika. Muziki uliendelea kuishi kwa sababu baadhi yao waliufundisha nje ya ukuta wa ikulu, akiwemo Muyinda.

Ukiuchukua mfano huu, fumbo lako linapata mizizi. Umeandika kwamba hakuna ajuaye aliyeifuma nguo, na unaliacha hivyo kwa kuficha jina. Fumbo la kuficha jina ni jepesi. Siku jina likitajwa limekwisha. Lakini fikiria nguo ambayo wafumi wake wote wanajulikana, majina yao yameandikwa mlangoni, kila mmoja anajua alichoimba, na bado katikati ya nguo kuna sura ambayo hakuna hata mmoja wao aliyeifuma. Wote wanaiona. Waliiona siku ile ile walipomaliza. Swali si nani aliyeifuma tena, swali ni imetoka wapi, na hilo unaweza kulijibu kwa ukweli wote bila fumbo kupungua hata chembe. Zaidi ya hapo, nyimbo za namna hii hazisikiki sawa kwa kila mtu. Aliyekaa karibu na mbao za juu husikia tofauti na aliyekaa chini, na ukishausikia wimbo mmoja unaweza kuhamisha usikivu wako ukaukuta mwingine. Kwa hiyo malkia na mtumwa wake wanaweza kusimama mbele ya nguo moja wakaona sura mbili, na wote wakawa wakweli.

Mifano mingine nitaipitia kwa haraka. Mwaka 1946, huko Mali, mzee kipofu wa Kidogoni aitwaye Ogotemmêli alimweleza Mfaransa Marcel Griaule, kwa siku 33, habari za asili ya ulimwengu. Katika simulizi hiyo, mmoja wa viumbe wa mwanzo alitoa nyuzi 80 za pamba mdomoni, akazipanga kati ya meno ya juu na ya chini kama mtande, akafuma kwa ulimi huku akisema, na neno lake likabaki limefumwa ndani ya nguo. Hata mlio wa kapi la kitanda cha mfumi wanauhesabu kuwa mlio wa neno. Mwaka 1991 mtafiti Walter van Beek aliandika kwamba alipokaa na Wadogoni hakuyakuta mengi ya mambo hayo kwa wengine, kwa hiyo yachukue kama maono ya mzee mmoja mwenye akili kubwa, si imani ya taifa zima. Kwa mwandishi wa hadithi hayo yanatosha sana. Peru nako, kando ya mto Ucayali, wanawake wa Shipibo-Konibo huchora na kudarizi michoro iitwayo kené, na waganga wao huzungumzia nyimbo na michoro kwa pumzi moja. Utakutana na watu wanaodai kila mstari wa kené ni noti inayosomeka. Watafiti walioishi huko wamelipinga dai hilo, nami nakusihi usilirudie.

Na usisahau nyumbani. Msomaji wako wa Kiswahili amekulia kwenye kanga, anajua kwamba nguo ina pindo, ina mji, na ina jina, na kwamba mwanamke akijifunga kanga fulani mbele ya jirani fulani ujumbe umefika bila mdomo kufunguka. Huhitaji kumshawishi kwamba nguo husema. Pwani yenyewe ilikuwa na wafumi. Ibn Battuta alipofika Mogadishu mwaka 1331 alisifu nguo zilizofumwa pale na kupelekwa mpaka Misri, na Pate ilikuja kujulikana kwa hariri zake. Mji wako wa kisiwani una ukoo huo, uandike kama mji unaojua pamba.

Kuna jambo la mwisho linaloweza kukupa sura nzima ya katikati ya riwaya. Mwaka 1857 Mfaransa Édouard-Léon Scott de Martinville alisajili chombo cha kuchora sauti. Mtu aliimba mbele ya pembe, unywele mgumu ukatetemeka na kukwaruza mstari juu ya karatasi iliyopakwa masizi. Hakukusudia sauti ile isikike tena. Alitaka kuiona. Aprili 1860 alichora kipande cha wimbo wa watoto, na karatasi ikakaa kimya miaka 148. Mwaka 2008 watafiti nchini Marekani waliusoma mstari ule kwa kompyuta na ukaimba. Kwanza walisikia kama sauti ya binti. Baadaye wakagundua wameusoma kwa kasi maradufu. Ulipopunguzwa, ikawa sauti ya mwanamume akiimba taratibu, na inaelekea alikuwa Scott mwenyewe. Sasa fikiria msichana wako mkuu anafanikiwa kuisoma nguo ya malkia, na mji mzima unasikia sauti ya mtoto akiita. Wanamlilia mtoto huyo, wanamjengea kaburi. Halafu anakuja mgeni na kusema, mmeisoma haraka mno.

Kwa maneno ambayo wafumi wanaimba, tumia shairi letu lenyewe. Ubeti wa mistari minne, mizani 16 kila mstari, kina cha kati kwenye mizani ya nane na kina cha mwisho kwenye ya 16. Uandike wima ukautazame: mistari inapita kama mshindio, na vina vinashuka kama nyuzi mbili za mtande, beti baada ya beti. Mhusika anayetaka kuichana nguo ya malkia hahitaji kisu. Anahitaji kusimama ukumbini na kuimba mstari mmoja wenye kina kisicho chake, kwa noti ile ile, kwa sauti kubwa kuliko wengine. Wafumi wakimfuata hata kwa kusitasita, mtande utakatika hapo.

Kabla hujagusa mswada, tafuta rekodi ya amadinda usikilize ukiwa umefumba macho, kwanza karibu na spika, kisha kutoka chumba cha pili, na uimbe kwa mdomo wimbo unaousikia. Mpe na rafiki yako asikilize peke yake, naye aimbe wa kwake. Msipolingana, andika sura hiyo kwanza.